Demon Slayer sehemu ya 19: sifa nyingi, na nusu yake si za kweli

Sehemu ya 19 ya msimu wa kwanza wa Demon Slayer, anime (katuni ya Kijapani) ya wauaji wa mazimwi, inaitwa "Hinokami"; ilirushwa Japani tarehe 10 Agosti 2019, na mpaka leo mashabiki wakikaa haikosi kutajwa. Kama hujaiona ishia hapa, maana namwaga kila kitu.

"Tanjiro alimuua Rui." Tanjiro ndiye stelingi, kijana muuaji wa mazimwi; Rui ni zimwi linalopigana kwa nyuzi. Hakumuua. Wengi tuliamini hivyo mara ya kwanza: stelingi kakata kichwa, wimbo umepanda, majina yanapita. Sasa fungua sehemu ya 20. Kichwa cha Rui kinaning'inia kwenye nyuzi zake mwenyewe. Alijikata kabla upanga haujamfikia, na zimwi halifi kwa kujikata. Anayemmaliza ni Giyu Tomioka, muuaji wa mazimwi aliyemzidi Tanjiro cheo, tena bila kutoka jasho. Ukiisifu sehemu ya 19 kwa ushindi wa Tanjiro, umeshangilia goli lililokataliwa.

"Upanga unatoa maji kweli." Yale mawimbi ya Tanjiro akipigana kwa pumzi ya maji, mtindo wake wa upanga, yenye mistari minene, kama michoro ya kale ya Kijapani, ni lugha ya mchoraji tu. Hayamlowanishi mtu. Damu ya Nezuko, mdogo wake Tanjiro aliyegeuzwa zimwi, ndiyo inayowaka kwelikweli: imetapakaa kwenye nyuzi za Rui, ikalipuka na kuziteketeza.

"Imebebwa na picha." Studio ya ufotable, walioichora, ilifanya kazi, sibishi. Ila tazama kinachotangulia huo moto. Upanga wa Tanjiro umeshavunjika, nyuzi zinamjia usoni, na pambano linasimama ghafla. Tunarudishwa kwenye theluji. Baba yake, mgonjwa, mwembamba, anacheza ngoma ya mungu wa moto usiku kucha, na mtoto anashangaa mwili dhaifu vile unawezaje. Jibu ni namna ya kupumua. Ndipo Tanjiro anapoacha pumzi ya maji katikati ya mzunguko na kuivamia ngoma ya baba. Mimi hapo ndipo nywele hunisimama, si kwenye cheche. Wimbo wa Go Shiina unakuja kumalizia tu, ingawa nakiri unamalizia vibaya sana.

"Tazama hiyo tu, inatosha." Nilimwekea binamu yangu dakika zile za mwisho pekee. Mama yao Tanjiro na Nezuko akamtokea Nezuko, akimsihi aamke amwokoe kaka yake. Binamu akaniuliza, "Huyu mama naye alikuwa wapi muda wote?"

Aliuawa sehemu ya kwanza.