Karatasi ilisema "Uhuru 1961", ukingo wa mkanda ukakataa

Kopo la bati lilikuwa limeshika kutu, na kwenye karatasi iliyobandikwa juu mtu aliandika kwa penseli: "Uhuru 1961". Nilipolegeza kifuniko tu, harufu ya siki ikanipiga puani. Hiyo ndiyo salamu ya mikanda ya filamu ya asetati, plastiki ya zamani, iliyozeekea kwenye joto na unyevu wa Dar es Salaam. Plastiki yake huachia asidi, ileile ya kwenye siki ya kachumbari, na asidi hiyo hurudi kuila plastiki kwa kasi zaidi. Mkanda husinyaa, vitobo vya pembeni vikawa havikai tena kwenye meno ya projekta, ukilazimisha, unakatika. Kwa hiyo hauonyeshwi, hata kama bosi ana hamu ya kuuona leo leo.

Mimi huuzungusha kwa mkono, polepole, juu ya meza yenye taa chini, na lenzi jichoni. Gwaride. Bendera ya Tanganyika. Umati. Mwenzangu akashangilia: uhuru wenyewe huu! Nikamwambia ngoja kwanza, tusome ukingo.

Kodak, watengenezaji wa filamu, walikuwa wakichapa pembeni mwa mikanda yao alama ndogo ndogo, duara, mraba, pembetatu, kuonyesha mwaka ilipotengenezwa. Alama zilijirudia kila baada ya miaka 20, basi zetu zilimaanisha ama 1942 ama 1962. Mwaka 1942 bendera ile haikuwepo. Na mkanda uliotoka kiwandani 1962 haungeweza kuwa uwanjani Desemba 9, 1961. Ungekuwa nakala, kwa kawaida alama za mkanda mama, ule ulionakiliwa, nazo zingekuwa zimechapika humo, nilitafuta, sikuziona. Kwa maoni yangu ile ni sherehe ya Jamhuri, Desemba 9, 1962, Nyerere alipoapishwa kuwa Rais, baada ya kuuacha uwaziri mkuu Januari ya mwaka huohuo. Tarehe moja, shamrashamra zilezile. Simlaumu mwenye penseli.

Sasa, ukiuskani mkanda kwa haraka, picha hujaa kwenye kioo na ukingo wote unakatwa. Kisha anatokea mtu: "Si tumeshaziingiza kwenye kompyuta? Tupeni hayo makopo." Hapo huwa nageuka mbogo. Diski hufa ghafla, bila hata kukohoa. Mkanda, maskini, hunuka kwanza, na ukiuweka penye baridi na ukavu unaongeza miaka mingi. Isitoshe, Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi 1994. Picha zinazotembea za miaka ile zimo kwenye filamu, hakuna kanda ya video ya kukimbilia.

Mkanda nimeuhamishia kwenye kopo la plastiki lenye matundu ya kupumulia. Ile karatasi ya penseli nimeihifadhi bila kuifuta. Yangu nimeibandika kando yake: "Yaelekea Jamhuri, 1962?" Alama ya kuuliza itabaki mpaka apatikane mzee wa kututajia wale waliokaa jukwaani, mstari wa pili.