Black Beauty hakikuwa kitabu cha watoto

Wengi tumekutana shuleni na Black Beauty, riwaya ya Mwingereza Anna Sewell inayosimuliwa na farasi mwenyewe, katika matoleo yaliyofupishwa na kutiwa picha. Ndiyo maana dhana hii imeota mizizi: kwamba Anna Sewell aliwaandikia watoto. Sivyo. Aliwaandikia watu wazima wanaoshika hatamu, yaani watunza mazizi na madereva wa magari ya farasi wa Uingereza. Yeye mwenyewe aliumia miguu akiwa na miaka 14, na tangu hapo farasi ndiye aliyemfikisha alikokwenda. Kitabu alikianza mwaka 1871, mgonjwa. Kilitoka Novemba 1877, akalipwa pauni 40, na Aprili 1878 akafariki.

Dhana nyingine: kitabu hiki ndicho kilichozaa sheria za kuwalinda farasi. Bunge la Uingereza lilikuwa limeshapitisha sheria dhidi ya ukatili kwa farasi na ng'ombe tangu 1822, na chama cha kuwatetea wanyama kilianzishwa London mwaka 1824. Lakini sheria huangalia kipigo. Sewell alitazama pale ambapo hakuna anayepiga. Matajiri walipenda farasi wao waonekane wameinua vichwa, basi kichwa kikavutwa juu kwa ugwe mfupi kutoka mdomoni hadi mgongoni. Farasi anayepanda mlima na mzigo huhitaji kuinamisha kichwa ili asukume kwa uzito wake wote. Akizuiwa, shingo na mgongo huumia, pumzi hubana. Yote hayo kwa ajili ya fasheni! Wapo waliokwisha kuupinga ugwe huo, akiwemo Edward Fordham Flower, ila Sewell alimwachia farasi mwenyewe asimulie, na msomaji akayahisi maumivu yale shingoni mwake.

Dhana inayonikera zaidi ni kwamba kitabu kinawashutumu madereva maskini. Kisome tena. Yumo Seedy Sam, dereva wa London anayekodi gari na farasi wawili kwa shilingi 18 kwa siku. Kila siku lazima fedha hiyo ipatikane kwanza, ndipo afikirie chakula cha wanawe. Anayeendesha bodaboda ya mtu anaijua hesabu ya tajiri; Sam angemwelewa bila kutafsiriwa. Anajua kuwa farasi amechoka, naye amechoka vilevile. Kwa hiyo Sewell anamlaumu mwenye gari anayepandisha kodi, na abiria anayehimiza mwendo kwa sababu amechelewa treni. Hata ujinga hausamehe: kijana Joe Green, kwa nia njema kabisa, anamnywesha maji baridi farasi aliyetoka mbioni, hamfuniki blanketi, na farasi anakaribia kufa.

Mwaka 1890 George Angell, mtetezi wa wanyama wa Boston, alikichapisha Marekani, na nakala nyingi zikagawiwa bure kwa madereva na watunza mazizi.