Supu ya mbatata na liki: maswali ya msimu wa kipupwe Tanga

Kusi likianza kuvuma, hata sisi wa Tanga tuliozoea joto tunatafuta kitu cha moto jioni. Mbatata na liki zinashuka kutoka Lushoto kwa njia ya Mombo, na maswali nayo yanashuka. Haya ndiyo ninayoulizwa zaidi.

Shikamoo. Nilinunua liki sokoni Mgandini kwa kuwa zilikuwa rahisi, sasa sijui nazipikaje.

Marahaba. Liki ni ndugu yake kitunguu, ila mpole. Liki 3 na nusu kilo ya mbatata zinatosha watu wanne. Kazi kubwa ni kuosha. Mkulima huipandishia liki udongo ili shina libaki jeupe, na mchanga hujificha kati ya majani. Ipasue kwa urefu, ifunue jani kwa jani chini ya maji yanayotiririka. Mara ya kwanza mimi niliiosha juu juu kama kitunguu maji. Wageni walikula kwa adabu, hakuna aliyesema neno, mpaka nilipoonja mwenyewe jino likasema kwaru!

Ukishaikata, ikaange kwa mafuta vijiko 2 vya chakula, moto mdogo, sufuria imefunikwa, dakika kama 10. Ilainike, isiwe kahawia. Tia mbatata zilizokatwa na maji lita 1, zichemke kama dakika 20, kisha ponda kwa mwiko. Blenda si lazima. Mimi naipenda ikiwa na vipande.

Nina presha. Bila kidonge cha supu cha dukani itakuwa na ladha kweli?

Itakuwa nayo, na hapa ndipo ningependa tukae kidogo. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani hata kijiko cha chai hakijai. Humo mmo imo chumvi ya mkate, ya samaki mkavu, ya mchuzi wa mchana. Kidonge cha supu sehemu kubwa ni chumvi. Wengi hutia viwili, halafu wakaonja na kuongeza chumvi yenyewe. Mbatata nazo hunyonya chumvi, kwa hiyo ukiitia mapema unajikuta unaongeza tena na tena.

Fanya hivi: ladha itoke kwenye kule kukaanga polepole, pamoja na kitunguu saumu na pilipili manga. Chumvi tia mwisho, kidogo, baada ya kuponda. Halafu kamulia ndimu. Ukali wa ndimu unaudanganya ulimi, hutaitafuta chumvi. Na dawa zako za presha endelea nazo; supu haichukui nafasi yake.

Niweke tui badala ya siagi?

Weka, sisi ni watu wa pwani. Ila tui la kwanza lina mafuta mengi yanayoweza kupandisha lehemu (kolesteroli) mwilini; tumia tui la pili.

Mwanangu ana mafua na homa. Bibi yake anasema supu inatosha.

Bibi ana haki nusu. Supu ya vuguvugu inampa maji na nguvu, na mvuke wake hulegeza makamasi, lakini haiui virusi vya mafua. Homa kwetu huku haihukumiwi kwa kushika paji la uso: mpeleke akapimwe malaria. Akipumua kwa shida, akitapika kila kitu, akipata degedege au akilegea, usisubiri kesho. Na kama hajatimiza miezi 6, chakula chake ni maziwa ya mama tu.

Nina kisukari, niache?

Usiache, punguza. Mbatata ni wanga, na zikipondwa hupandisha sukari haraka. Chukua bakuli dogo, liki ziwe nyingi kuliko mbatata, na ule na maharage au samaki. Mkate kando yake hapana, huo ni wanga juu ya wanga. Mwenye ugonjwa wa figo aongee kwanza na daktari wake, maana mbatata zina potasiamu nyingi.

Mbatata zangu zimekuwa za kijani. Zikichemka si sumu inaisha?

Haiishi. Ile sumu, solanini, inavumilia moto wa jikoni, na huleta kichefuchefu, kutapika na kuumwa tumbo. Doa dogo likate kwa kina pamoja na machipukizi. Iliyoenea kijani au yenye uchungu tupa. Zihifadhi gizani, pakavu.

Iliyobaki naiacha kwenye sufuria hadi asubuhi, nachemsha upya. Kuna ubaya?

Upo. Kwa joto letu supu isikae nje kwa muda wa zaidi ya saa mbili. Kuchemsha kunaua bakteria, ila baadhi yao wameshaacha sumu isiyoondoka kwa moto. Mwenye friji aigawe kwenye vyombo vidogo ipoe haraka, aile ndani ya siku 3, na kila anapoipasha itokote. Asiye na friji apike ya kuliwa jioni ile ile, na iliyolala nje aimwage hata kama bado inanukia.