Mtoto aliyezama haning'inizwi kichwa chini

Mtoto akiopolewa baharini, ziwani au kwenye pipa la maji uani, mara nyingi watu humshika miguu na kumning'iniza kichwa chini, au humkandamiza tumbo "atoe maji". Nia ni njema kabisa. Lakini humpotezea mtoto dakika ambazo hana.

Anayezama huuawa na kukosa oksijeni. Maji yanayofika kwenye mapafu huwa machache kuliko tunavyodhani; yale yanayomwagika akigeuzwa hutoka zaidi tumboni, na matapishi yanaweza kurudi kuziba njia ya hewa.

Kama hapumui, mlaze chali mahali pagumu, inua kidevu, mpulizie hewa. Mwongozo wa Ulaya huanza na pumzi 5, wa Marekani 2. Kisha bonyeza kifua na kuendelea kupuliza kwa zamu, mwingine akitafuta usafiri. Kwa mtoto mchanga, funika mdomo na pua yake kwa mdomo wako. Hata akizinduka na kulia, apelekwe hospitali, maana kupumua kunaweza kuharibika saa kadhaa baadaye.

(Na ndoo yenye maji kidogo tu inatosha kumzamisha anayetambaa. Imwageni, au ifunikwe.)