Jiko la mkaa halina moshi, kwa hiyo ni salama? Hapana!

"Lakini dokta, jiko tulilikoleza nje kwanza, likaisha moshi ndipo tukaliingiza chumbani." Kila baridi ya Juni na Julai inapoishika Njombe nasikia maneno hayohayo, na huwa yanasemwa kwa kujiamini kabisa.

Moshi una nafuu yake: unawasha macho, unakukohoza, unakutoa chumbani. Kinachoua ni kaboni monoksidi, hewa isiyo na rangi wala harufu, na mkaa uliokolea ukawa mwekundu huitoa kwa wingi. Hata ukishavaa majivu juu na kuonekana umezimika, chini bado unaitoa. Hewa hiyo hung'ang'ania hemoglobini, ile inayobeba oksijeni kwenye damu, kwa nguvu inayoizidi oksijeni zaidi ya mara 200, kwa hiyo unavuta pumzi vizuri tu huku ubongo na moyo vinakosa oksijeni. Na sisi watu wa baridi tunavyojua kuziba! Dirisha limefungwa, kitenge kimesokomezwa chini ya mlango, watoto wanne kitanda kimoja, jiko miguuni.

Dalili zake: kichwa kinagonga, kichefuchefu, miguu inalegea. Watu wanakimbilia dawa ya malaria. Jamani, malaria gani inayowaamkia watu wote wa chumba kimoja asubuhi moja?

Sufuria ya maji juu ya jiko haisaidii. Hewa hii karibu haiyeyuki majini. Dirisha la kuachama vidole viwili nalo ni bahati nasibu. "Nikizidiwa nitaamka": huamki, usingizi unaungana na kuzimia. Hita ya gesi au jenereta ndani ya gereji, hadithi ni ileile.

Kinachoniudhi zaidi baada ya mkaa ni kumnywesha maziwa aliyevuta hewa hii, eti yaondoe sumu. Sumu iko kwenye damu, maziwa yanakwenda tumboni, na aliyezimia ukimnywesha yatamwingia mapafuni. Mtoeni nje, mumwahishe hospitali apewe oksijeni. Kwa hewa ya kawaida sumu hupungua nusu kwa saa 4 hadi 5 hivi. Kwa oksijeni safi, saa moja hadi moja na nusu. Na mkifika semeni wazi kwamba mlilala na jiko, msione aibu, maana kile kipimo cha oksijeni cha kubana kidoleni hakitofautishi hewa hii na oksijeni: kinaweza kusoma asilimia 98, kama cha mtu mzima wa afya, kwa mtu anayekufa.

Mkitaka joto la kulalia, jazeni maji ya moto kwenye kidumu, mkifunge vizuri, mkizungushie kanga. Jiko lilale nje.