Kesi ya kiwanja haiui kesi ya jinai

"Nimeshafungua kesi ya madai, ile ya jinai imekufa." Maneno haya nayasikia sana hapa Mwanza, hasa kwa wenye migogoro ya viwanja huku Buswelu. Jirani yangu aliyaamini. Alikuwa nje kwa dhamana, ameshtakiwa kwa kuingia kwa jinai baada ya kung'oa minyaa ya mpakani, na tarehe ilipofika hakwenda. Alibaki nyumbani na nakala ya shauri lake la Baraza la Ardhi na Nyumba, kaikunja ndani ya mfuko wa rambo. Ikatolewa hati ya kumkamata, akalala mahabusu.

Nakala ile ilikuwa na uzito kweli, lakini mbele ya hakimu. Mahakama Kuu ilishaeleza, katika hukumu zilizomo kwenye Ripoti za Sheria Tanzania za 1991 na 1992, kwamba shtaka la kuingia kwa jinai halisimami wakati umiliki wa ardhi bado unagombewa; mlalamikaji aelekezwe kwanza kwenye madai. Ni haki kabisa: utamtiaje mtu hatiani kwa kuingia kwenye ardhi ya mwenzake kabla hujajua ardhi ni ya nani? Ila anayeisimamisha kesi ni mahakama. Wewe unahudhuria, unaeleza, unatoa karatasi.

Tena hilo si kinga ya kila kosa. Ukimkata jirani panga mkiwa mpakani, au ukachoma nyumba yake, kiwanja hata kiwe chako kwa hati, utajibu.

Siku hizi watu wanatumiana kifungu cha 193A, kwamba kesi ya madai inayoendelea si sababu ya kusimamisha ya jinai. Kifungu kipo, ila ni cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya Kenya, na nguvu yake inaishia mpakani Sirari. Hata huko Kisumu, Mahakama Kuu inaweza kuzuia mashtaka ikiona yamefunguliwa ili kumbana mtu alipe deni.

"Tukipatana, mlalamikaji anafuta." Kwa makosa madogo, kama shambulio la kawaida, mahakama inaweza kuhimiza suluhu. Lakini kesi ya Jamhuri iko mikononi mwa Mkurugenzi wa Mashtaka, aliyepewa mamlaka hayo na Ibara ya 59B ya Katiba.

Kinachoniuma zaidi ni hiki: mtu anaachiwa huru, kesho yake anapeleka mawe na mchanga. Kuachiwa hakukupi kiwanja! Jinai huthibitishwa pasipo kuacha shaka. Madai hupimwa kwa mizania, ushahidi wa nani umezidi. Upande wa mashtaka unaweza kushindwa kule, na wewe ukashindwa huku.

Jirani yangu alipotoka nilimsindikiza tarehe iliyofuata. Akaitoa ile nakala, mikunjo imeanza kuchanika. Hakimu aliisoma ukurasa kwa ukurasa, kisha akamgeukia mwendesha mashtaka kumuuliza anasemaje.