Mawe ya Mwanza hayakuviringishwa na gharika

Juzi kwenye kivuko cha Kamanga, baba mmoja alimwonyesha mwanawe jiwe la Bismarck, lile jabali lililosimama ziwani karibu na ufuko wa Mwanza: "Unaona lilivyo la mviringo? Gharika ililisukuma mpaka hapa." Nikameza mate. Hilo nimeshalisikia kwenye daladala, msibani, hata kwa mwalimu wa jiografia.

Umbo la mviringo si ushahidi wa kuviringika!

Graniti, mwamba mgumu uliozaa mawe haya, iliganda chini sana ardhini, zaidi ya miaka bilioni 2.5 iliyopita. Tabaka za juu yake zikamomonyoka, uzito ukapungua, mwamba ukapasuka nyufa za wima na za ulalo, ukawa kama ukuta wa matofali. Jua, upepo na mizizi vina mchango wao, leo sivigombei. Bwana mkubwa ni maji.

Mvua huzama kwenye nyufa ikiwa na tindikali kidogo, ikaigeuza felspa, mojawapo ya madini yaliyoijenga graniti, kuwa udongo wa mfinyanzi. Kwatzi, madini mengine ya graniti, haiozi, inabaki mchanga. Sasa tazama tofali moja: uso wake unaliwa upande mmoja, ukingo pande mbili, kona pande tatu. Kona lazima ziishe kwanza. Chukua kipande cha sabuni ya mche kilichofuliwa siku tatu, kipapase. Nani alikiviringisha?

Na haya yote yanatokea jiwe likiwa limezikwa, halijasogea hata inchi. Huko ni kuoza. Mmomonyoko ni pale mvua inapokuja kuuchukua ule uozo na kuliacha jiwe wazi. Watu wanachanganya hayo mawili halafu wananibishia mimi.

Nachimba visima. Mara ngapi fundi wa mtambo ameniambia, "Bosi, mwamba huu hapa, mita 12, tufunge kazi." Tunaendelea. Mita 2 mbele, biti inazama tena kwenye changarawe laini. Lile lilikuwa jiwe la Bismarck ambalo halijazaliwa. Na mchanga uliochukuliwa na mvua uko miguuni mwa majabali: Wasukuma wanauita luseni, na mihogo inaupenda.

Yapo yaliyoporomoka kweli, sikatai. Hayo yamelala ovyo chini ya mteremko, nyufa zake haziendani na za jirani. Yaliyopandana kileleni nyufa zake zinaendana.

Vitabu husimulia hatua mbili safi: kwanza mwamba wote uoze, kisha udongo uondoke. Mimi naitilia shaka hiyo. Nimeona kilima ambacho jabali la juu liko wazi na jirani yake bado linaoza, udongo ukilifika shingoni, kazi zote mbili zikienda kwa pamoja.

Wananiuliza pia kama jabali lililo juu ya nyumba yao litaanguka. Hapo huwa siangalii jiwe. Naangalia nani anachimba mchanga chini yake ili asawazishe kiwanja.